Mwanamke Aliyekohoa kama Bwana Khatib

Radhiya binti Gharib alikuwa mwanamke mfupi, mwembamba, mwenye sauti nzito kuliko kiwiliwili chake, na katika miaka ya hamsini hapakuwa na mwanamume wa mtaa wa Mkomani aliyejulikana na wanawake kumshinda yeye. Jambo hili lataka kuelezwa taratibu, kwa kuwa asiyeijua Lamu ya wakati ule anaweza kudhani ni maneno ya mzaha.

Alizaliwa Siyu. Baba yake Gharib alikuwa akishona makubadhi, na wateja walikuja kumkuta pale pale mbele ya nyumba, wakaketi, wakajaribu viatu, wakabishana naye. Radhiya alikuwa nyuma ya mlango akisokota nyuzi. Hakuwaona vizuri, aliona miguu yao tu na akasikia sauti zao. Jioni, baba akiwa msikitini, alimwigizia mama yake: huyu ndiye aliyesema kiatu kinambana, naye mguu wake ndio mkubwa; huyu ndiye aliyeapa kwa Mungu kuwa atarudi kesho. Mama yake alicheka hadi akaomba aachwe apumue.

Alipofika miaka kumi na saba aliolewa Lamu na Obeid, mchongaji wa milango. Walikaa miaka minne, hawakupata mtoto, wakaachana bila kelele. Obeid akaenda kuoa Faza. Radhiya akabaki Lamu, akapanga chumba mtaa wa Langoni, akawa anashona kofia. Kazi hiyo huonekana ndogo, lakini ilimpa elimu yake. Kila kofia ina kipimo cha kichwa cha mtu, na kofia huletwa na mke, dada au mama wa mwenye kichwa, ambaye haondoki bila kusema kidogo juu ya mwenyewe. Hivyo akawa anavijua vichwa vya wanaume wa Mkomani kwa kipimo cha uzi, na tabia zao kwa maneno ya wanawake wao.

Ukumbini kwa jirani mmoja, wanawake wakishona pamoja, alianza kuwaigiza. Habari zikamfikia Bi Mahfudha, mkuu wa chama cha lelemama, ngoma ya wanawake. Bi Mahfudha akaja mwenyewe, akaketi, akasikiliza, hakucheka.

"Wewe wa Siyu," akasema, "waweza kusimama mbele ya wanawake mia?"

"Sijasimama hata mbele ya kumi, Bi Mahfudha. Hapa nimeketi."

"Basi Alhamisi utasimama."

Huo ulikuwa mwaka wa 1951.

Harusi za Mkomani zilikuwa na siku nyingi, na siku za wanawake zilikuwa za wanawake kweli. Waliimba, wakacheza lelemama, wakapiga vugo, yaani pembe za nyati zinazopigwa kwa vijiti. Waliposhiba nyimbo walitandika jamvi katikati ya kiwanda, ule uwanja ulio wazi ndani ya nyumba, wakaweka viti viwili, na mchezo ukaanza. Michezo ilikuwa ya mji wenyewe. Mume amerudi safari na mke wa pili ambaye hakumtaja. Mfanyabiashara anapima halua na kidole chake kiko kwenye mizani. Wazee wanne wanazungumza habari ya posa, na kila mmoja anamngojea mwenzake amalize ili aseme lile lile. Wanaume wote hao walikuwa wanawake waliovaa kanzu. Hakuna mwanamume aliyeona, na yaliyofanyika humo hayakutoka nje. Hata mume hakumuuliza mkewe.

Wanawake wengine waliocheza wanaume walipaka masizi ya masharubu, wakatoa sauti nene, basi. Radhiya hakufanya hivyo. Alikuwa akisimama dirishani nyuma ya mbao siku nzima akimtazama mtu mmoja akipita. Bwana Wazir aliburuta kiatu cha kushoto, Radhiya naye akaburuta. Fundi Famau wa mawe hakumaliza sentensi, Radhiya naye hakumaliza. Akitoka na kanzu, wanawake hawakuuliza huyo nani. Mke wa mhusika alikuwa wa kwanza kupiga kelele: "Mwanaharamu huyu, amemchukua mzima mzima!"

Aliyemweza kuliko wote alikuwa Bwana Khatib.

Bwana Khatib alikuwa na nyumba tatu Mkomani. Alikuwa mtu mwema, msafi, mkali kidogo, umri wake kama miaka arubaini na mitano. Kama wanaume wote wenye adabu, hakuingia nyumbani mwake kimya. Alisimama dakani, kwenye kibaraza cha mlangoni, akakohoa, akangoja, ili wanawake wajifunike au wapishe. Kila nyumba ilijua kikohozi cha mwenyewe. Cha Bwana Khatib kilikuwa viwili vifupi na kimoja kirefu, halafu "Yaa Latifu," halafu kimya. Radhiya alikipata kwa wiki moja. Alikifanya mwanzo wa mchezo. Alijificha kwenye ngazi, akakohoa, na wanawake arubaini wakarukia leso zao, wakaangushiana vikombe, halafu akatoka yeye na kanzu na bakora akiuliza kwa nini nyumba hii ina vumbi. Walicheka hadi wengine wakatolewa nje.

Mwaka wa 1953 Swafiya, mpwa wa Bwana Khatib, aliolewa, na harusi ikawa katika nyumba ya Bwana Khatib mwenyewe. Kanzu ya mchezo ilitolewa na mkewe, Bi Amini, kutoka kwenye sanduku la mumewe. Siku hiyo Radhiya alikohoa mara mbili, na mara mbili wanawake walikurupuka. Akaingia chumba cha ndani kufunga kilemba kwa ajili ya mchezo wa tatu.

Wakati huo wanaume, waliokuwa wakila nyumba ya pili, wakaishiwa na sukari. Ufunguo wa ghala ulikuwa umetundikwa kiwandani. Bwana Khatib akaja kuuchukua mwenyewe. Akasimama dakani, akakohoa viwili vifupi na kimoja kirefu. "Yaa Latifu." Akangoja.

Ndani hakuna aliyejigusa.

"Ah, tumechoka kudanganywa!" akasema mmoja.

"Ingia, mwanamume wee!" akaita Bi Mahfudha. "Umetuweka!"

"Ingia na upesi, wake zako wakungoja!"

Bwana Khatib alisikia anaambiwa aingie katika nyumba yake, na sauti ni ya Bi Mahfudha, mtu mzima. Akadhani wameshajifunika. Akaingia.

Walikuwa wanawake zaidi ya sitini, vichwa wazi, asumini nyweleni, mikono ina hina, wengine wamelala kwa kicheko. Hakuna aliyepiga kelele, kwa kuwa walidhani ni Radhiya, na wengine wakapiga makofi kwa jinsi alivyofanana. Halafu pazia la chumba cha ndani likafunguliwa, akatoka Bwana Khatib wa pili, mfupi, na kilemba.

Wakatazamana. Ndipo kelele zikaja.

Bwana Khatib aligeuka akatoka bila ufunguo. Chai ya wanaume siku ile haikuwa na sukari.

Hakugomba na mtu. Baada ya siku tatu alimwambia mkewe, na mkewe akamfikishia Bi Mahfudha, kwamba nyumba zake tatu hazitamwita tena Radhiya, wala nyumba za jamaa zake. Na kwa kuwa nyumba nyingi za Mkomani zilikuwa za jamaa zake kwa njia hii au ile, na waliosalia hawakutaka kuonekana hawana haya, mambo yakaishia hapo.

Bi Mahfudha alikwenda Langoni kumwambia.

"Kuimba hukukatazwa. Njoo uimbe na sisi. Wanaume tutampa Ummu."

"Ummu hucheza wanaume wote kama wamekula pilipili."

"Hilo nalijua. Lakini Ummu hajaingiza mwanamume kiwandani."

"Nimekosa, Bi Mahfudha. Sikatai. Lakini nikiimba tu nitakuwa sauti moja kati ya thelathini. Mtu akiniuliza wewe ni nani, nitamjibu nini?"

"Utamjibu wewe ni mwanamke mwenye kiburi," akasema Bi Mahfudha, akainuka. Hakusema kwa ubaya.

Miezi mitano hakuitwa. Akashona kofia. Mwanzoni mwa mwaka wa 1954 binamu yake Umulkheir, aliyekuwa ameolewa Mombasa, akampelekea barua kwamba kuna klabu yatafuta mwimbaji wa kike mwenye sauti nzito, na mwenyewe, Bwana Jeilani, si mtu wa fujo. Radhiya akafunga mizigo.

Lamu walisema mengi juu ya miaka yake mitatu ya Mombasa, na mengi hayakuwa kweli. Aliishi kwa binamu yake. Aliimba siku tatu kwa juma. Bendi ilikuwa ya watu watano: fidla, gambusi, kodiani na ngoma mbili, na yeye katikati na gauni la kung'aa na maikrofoni. Wiki ya kwanza kinywa kilimkauka, maana hajapata kutoa sauti mbele ya wanaume wasiokuwa ndugu zake. Wiki ya tatu alikwisha zoea. Alichukua nyimbo za harusi za Siyu, akazipunguza mwendo, zikapendwa. Waliokuja walikuwa mabaharia, makarani, wafanyabiashara na wageni wa kila namna. Walimwita Binti Siyu. Walimpigia makofi, na Bwana Jeilani alimlipa kwa wakati.

Lakini kuimba alikoimba kulikuwa kule kule kwa Bi Mahfudha, tofauti ni gauni. Siku moja akamwomba Bwana Jeilani ruhusa acheze mchezo. Akavaa suruali na koti, akamcheza mwanamume anayetoka klabu na kumdanganya mkewe. Alianza mlangoni, anavua viatu ili asisikike, halafu anagombana na viatu. Kiwandani Mkomani, jambo hilo lingewaua watu kwa kicheko. Klabu ikakaa kimya. Mmoja akapiga makofi kwa heshima. Mwingine akauliza kama wimbo utafuata.

Bwana Jeilani alimwita pembeni. "Umecheza vizuri, Bi Radhiya. Lakini umemcheza nani?"

"Wewe, Bwana Jeilani."

Bwana Jeilani akafikiri. "Mimi sitembei hivyo," akasema, akaondoka, na alitembea hivyo hivyo hadi alipofika kaunta.

Radhiya akafahamu. Wanaume hawakuwahi kujiona. Wanaowaona ni wanawake, na wanawake hawakuwamo klabuni ila yeye na wawili watatu waliokuja na shughuli zao. Aliendelea kuimba kwa kuwa ndiyo kazi, lakini tangu siku ile alijua kwamba watu wake wako kwenye viwanda vya nyumba za mawe, wameketi chini, leso mabegani, na hakuna klabu itakayompa watu hao. Mwaka wa 1957 akaaga. Bwana Jeilani alisikitika kweli.

Bi Mahfudha alimpokea mlangoni. "Umenenepa."

"Ni viazi vya Mombasa."

"Na umepaka wanja kama mke wa mtu."

"Na wewe umezeeka, Bi Mahfudha, lakini mimi nina adabu, sisemi."

Walicheka. Halafu Bi Mahfudha akamweleza yalivyo, bila kumficha. Zamani alikuwa na kosa moja. Sasa yalikuwa mawili, kwa kuwa ameimba mbele ya wanaume. La pili wanawake wangelisamehe kwa juma moja. Walikuwa wakifa kwa hamu ya kusikia klabu ikoje. La kwanza lilikuwa la Bwana Khatib.

"Ni yeye tu. Aseme neno moja, nyumba zote zitakuita. Asiposema, utashona kofia hadi mato yaishe nguvu."

"Nani wa kumwomba?"

"Mimi simuombi. Nimekwisha kuwa yule aliyemwambia aingie."

Basi Radhiya akarudi kwenye kofia zake. Miezi ikapita. Alialikwa harusini kama mtu yeyote, akaketi nyuma, akamtazama Ummu akicheza wanaume waliokula pilipili. Alipiga makofi.

Mlango ulifunguka kwa upande ambao hakuna aliyeutazamia. Bwana Khatib alikuwa na mama, Bi Nana, aliyepita miaka themanini na asiyeteremka ngazi. Tangu Ramadhani alikuwa hali vizuri. Siku moja alisema hataki dawa, amtaka yule mtoto wa Siyu aje amchezee. Bwana Khatib hakuwahi kumkatalia mama yake kitu anachoweza kukipata. Hakusema ndiyo, alimwambia mkewe kwamba Jumatatu alasiri ana shughuli shambani na hatarudi mapema.

Jambo moja lapasa kujulikana hapa. Nyumba ya Bwana Khatib na nyumba ya binamu yake Bwana Wazir zilielekeana kichochoroni, na juu ziliunganishwa na wikio, chumba kinachovuka njia kama daraja, ili wanawake watembeleane bila kushuka mitaani. Miaka mitatu nyuma mabwana hao wawili waligombana kwa ajili ya maji ya mvua yanayoanguka ukutani, na Bwana Khatib akauziba mlango wa wikio kwa mawe na chokaa. Wanawake wenye miguu mizima walizunguka kwa chini. Lakini mama yake Bwana Wazir, Bi Zena, alikuwa na magoti mabovu, na Bi Nana hashuki ngazi. Walikua pamoja, waliolewa mwaka mmoja, na sasa walikuwa hatua kumi na nne mmoja kutoka kwa mwingine na hawajaonana miaka mitatu.

Jumatatu Bi Amini alimtolea Radhiya kanzu. "Hii ameivua asubuhi. Mheshimu."

"Huwa simvunjii heshima, Bi Amini. Huwa namvaa tu."

Wanawake wanane waliketi chumbani mwa Bi Nana. Radhiya hakukohoa. Aliingia, akaweka bakora pembeni pale pale Bwana Khatib aiwekapo, akaenda kitandani, akautengeneza mto ambao haukuharibika, akauliza kama dawa imenywewa na kabla hajajibiwa akasema vizuri, vizuri. Bi Amini alijiziba uso kwa leso akitetemeka kwa kicheko. Bi Mahfudha alikuwa anafuta machozi.

Bi Nana hakucheka. Alinyoosha mkono, akaushika mkono wa Radhiya kwa mikono yake miwili.

"Khatib."

"Labeka, mama."

Kidole gumba cha yule bibi kilipita juu ya kidole cha Radhiya, mahali palipochomwa na sindano miaka na miaka, ngozi imekuwa ngumu kama kwato. Kikapita tena, polepole. Radhiya akajua kwamba Bi Nana ajua vizuri amemshika nani.

"Khatib mwanangu," akasema Bi Nana. "Ule mwango wa wikio utaufungua lini?"

Mambo hayo hayakuwa ya mchezo.

Radhiya akajipangusa goti, kama afanyavyo Bwana Khatib akibanwa. "Mambo ya ukuta, mama, ni mambo ya wanaume. Inshallah tutaangalia."

"Mwaka wa tatu waniambia hivyo. Ni inshallah ya kufungua, au ni inshallah ya kuninyamazisha?"

Sasa Radhiya hakuwa na la kuigiza. Bwana Khatib hakuwahi kuulizwa swali hilo, kwa hiyo hakuwahi kulijibu. Akisema hapana, atakuwa amemvunja moyo bibi mgonjwa kwa neno ambalo mwanawe hajalisema. Akisema ndiyo, atakuwa amemwekea mtu kinywani ahadi asiyoitoa, na mtu huyo ndiye peke yake awezaye kumrudisha kiwandani. Bi Mahfudha alikuwa anamtikisia kichwa kutoka pembeni: nyamaza, toka, maliza.

Mikono ya Bi Nana ilikuwa myepesi kama karatasi.

"Ya kufungua, mama."

"Lini?"

"Kabla ya Ijumaa."

"Haya," akasema Bi Nana, akamwachia mkono. "Sasa nenda. Nataka kulala."

Ngazini Bi Mahfudha alimshika bega. "Wewe una wazimu? Bwana Khatib alikuwa anakaribia kukusamehe!"

"Najua."

"Sasa?"

"Sasa sijui, Bi Mahfudha. Nipeleke nyumbani."

Jumanne asubuhi Bwana Khatib alipoingia kumwamkia mama yake, alikuta amekaa, amekula mkate na nusu.

"Usisahau ahadi yako," akasema Bi Nana.

"Ahadi gani, mama?"

"Ya yana. Mwango, kabla ya Ijumaa."

"Yana sikuwapo, mama. Nilikuwa shamba."

"Ulikuwapo. Ulikaa hapo hapo. Ulivaa kanzu hiyo." Akafunga macho. "Au waniambia mimi simjui mwanangu?"

Bwana Khatib alimtazama mkewe. Bi Amini alikuwa anakunja leso ambayo ilikwisha kunjwa.

Jumatano baada ya adhuhuri Bwana Khatib alisikika mlangoni pa Radhiya, Langoni, akigonga kwa bakora. Radhiya akaketi nyuma ya pazia.

"Bi Radhiya."

"Bwana Khatib. Karibu, keti hapo kibarazani."

"Sikuja kuketi. Mara ile ulinichukulia sura, nikanyamaza. Mara hii umenichukulia neno."

"Kweli."

Bwana Khatib alikuwa amejitayarisha kwa mabishano, si kwa neno hilo. "Wakubali?"

"Nakubali. Lile la kabla ya Ijumaa lilikuwa langu. Mengine yote yalikuwa yako. Ulivyomtengenezea mto. Ulivyouliza dawa usingoje jibu. Ulivyomwambia inshallah tutaangalia."

"Mimi humwambia hivyo?"

"Mimi ndiye niliyemwambia. Lakini Bi Nana hakuniuliza nimeyatoa wapi. Alisema ni mwaka wa tatu ayasikia."

Kichochoroni punda alipita na mzigo wa mawe, na Bwana Khatib akangoja apite. Alipozungumza tena sauti ilikuwa imeshuka.

"Akili ya mama imepotea?"

"Hilo wajua wewe, mwanawe. Lakini haki yako iko palepale. Mwambie yule hakuwa wewe, alikuwa mshona kofia wa Siyu. Nami nitakuja nisimame mbele yake nikiri. Nikikiri, hata Langoni sitaitwa tena, wala nti nzima hii, na sitakulaumu. Ni juu yako. Mimi nilichoweza kusema nimekisema."

Bwana Khatib akaketi. Pazia lilionyesha kivuli chake kikiinama.

"Alipokuuliza," akasema, "alilia?"

"Hakulia. Alikushika mkono."

"Alinishika mkono?"

"Kwa mikono miwili."

Akakaa pale kitambo, mtu mzima mwenye nyumba tatu, kwenye kibaraza cha kupangwa. Halafu akainuka, akapangusa kanzu, akaondoka. Radhiya hakujua amekwenda na lipi. Siku ile hakushona hata mshono mmoja.

Alhamisi, baada ya sala ya alfajiri, Bwana Khatib alimngoja Bwana Wazir mlangoni mwa msikiti. Waliowaona walisema hawakuzungumza zaidi ya muda wa mtu kuvaa viatu vyake. Saa mbili asubuhi Fundi Famau alikuja na nyundo na patasi, akaanza upande wa juu, akimwambia msaidizi wake kwamba mawe haya yametiwa na mtu mwenye hasira, kwa kuwa chokaa… akaacha hapo kama desturi yake. Kufikia alasiri palikuwa na uwazi wa kutosha mwanamke mmoja. Bi Zena alipita wa kwanza, ameshikwa na wajukuu wawili, akilalamika vumbi. Bi Nana alikuwa amekalishwa kitini upande wa pili.

"Umekonda," akasema Bi Zena.

"Nawe umejaa chokaa," akasema Bi Nana. "Keti."

Wengine wakawapisha.

Bwana Khatib hakutoa ruhusa yoyote. Hakumtaja Radhiya msikitini wala barazani. Juma moja likapita, na la pili. Radhiya akajiambia kwamba mtu aweza kufungua mlango mmoja na asifungue wa pili, na ana haki. Akapokea kofia tano za wateja wa Kipungani, akaanza ya kwanza.

Ndipo Bi Mahfudha alipokuja anahema, hakubisha hata hodi, akaketi juu ya mkeka wa kofia.

"Harusi ya mdogo wake Swafiya, Jumapili. Nyumba ile ile."

"Najua. Nimealikwa kula."

"Nyamaza, sikiza. Amini alimwambia mumewe yana usiku kwamba wanawake watataka mchezo. Hakutaja jina lako. Akamwambia mchezo tu. Mume akavua kofia, akaitundika. Unajua alimjibu nini?"

"Sijui, Bi Mahfudha, na wewe wanichelewesha makusudi."

"Alimuuliza, 'Niondoke nyumbani saa ngapi?'"

Radhiya alitia sindano kwenye kitambaa ili isipotee. Akafikiri kidogo, kama mtu aliyeulizwa jambo la kazi.

"Mwambie saa tisa," akasema. "Na mlango mtie komeo, mweke na mtu mzima hapo. Nina wanaume wanne wa kucheza, na yule wa pili kikohozi chake ni kirefu."